Umegusa faili la gemu, sasa imegoma: pa kuanzia

Simu huanza hivi: "Anko, ile gemu ya malori haifunguki." Nauliza umefanya nini. "Sijafanya kitu." Nanyamaza kidogo. "Nilibadilisha tu kamstari kamoja."

Kamstari kamoja kanatosha kuiua gemu, ni kweli. Lakini kwa jinsi ninavyoona kwenye kompyuta za ndugu na majirani, mara nyingi mstari wenyewe ulikuwa sahihi na tatizo liko kwingine. Ndiyo maana siku hizi swali langu la kwanza ni moja: nani ameliandika faili hili mara ya mwisho? Wanaoweza kuliandika ni wanne. Wewe, kwa Notepad. Gemu yenyewe, ambayo huandika upya mipangilio yake inapofungwa. Steam, duka la gemu la mtandaoni linalozifungua pia, inayoshusha nakala yake kutoka kwenye wingu, yaani hifadhi ya mtandaoni. Na Windows, pamoja na OneDrive yake ya kutunza mafaili mtandaoni, inayoweza kukuhamishia folda nzima bila hata kubisha hodi. Dalili nyingi zilizo hapa chini ni hawa wanne wamepishana mlangoni.

Mifano mingi nitaitoa kwenye Euro Truck Simulator 2, gemu ya malori ya SCS Software wa Prague iliyotoka 2012, kwa sababu mafaili yake yanasomeka na wachezaji wake wana mikono mirefu. Gemu nyingine zitaingia pale zinapohusika.

Kabla hujagusa: nakala, na iwe nakala kweli

Najua umeshaambiwa. Ila nakala nyingi ninazoletewa hazifai kitu. Mtu amenakili game.sii, faili la sevu ya malori, peke yake akaacha info.sii iliyo pembeni yake. Mwingine amenakili gemu ikiwa wazi, katikati ya kusevu. Mwingine ameibandika nakala ndani ya folda ile ile ya sevu, sasa gemu inaona sevu mbili na yeye mwenyewe hajui ipi ni ipi.

Funga gemu. Fungua Task Manager uhakikishe imetoka, maana kuna gemu zinazobaki zikijikokota nyuma ya pazia hata dirisha likishafungwa. Kisha nakili folda nzima ya gemu iliyo ndani ya Documents, ambayo kwa malori ni Documents\Euro Truck Simulator 2. Ukiiacha folda ya mod, yale manyongeza yanayotengenezwa na wachezaji, iliyobaki ni nyepesi, inaingia kwenye flashi yoyote. Ipe jina linalotaja siku na sababu: "ETS2 14 Juni kabla ya pesa". Nakala iitwayo "mpya 2 ya mwisho" haitakwambia kitu saa saba usiku.

Halafu irudishe mara moja kwa majaribio kabla hujachakachua chochote. Dakika 5 hizo ndizo zitakazokuonyesha kama ulinakili folda sahihi.

Na ukianza kubadilisha, badilisha kitu kimoja, fungua gemu, tazama, funga. Aliyebadilisha vitu kumi kwa mpigo hana namna ya kujua kipi kimemponza.

Nimebadilisha, gemu haina habari

Hii ndiyo inayoletwa sana, na ina kipimo chake. Badilisha mstari wako, hifadhi, fungua gemu, ifunge, kisha lifungue tena faili. Mstari wako bado upo? Kama umerudi ulivyokuwa zamani, kuna mtu ameandika baada yako. Kama upo vilevile lakini gemu haiufuati, gemu inasoma faili jingine, au mstari una kasoro. Njia hizi mbili hazikutani kabisa, kwa hiyo jua uko kwenye ipi kabla ya kuendelea.

Tuanze na mstari uliofutika. Mshukiwa wa kwanza ni gemu yenyewe. Fungua config.cfg, faili la mipangilio ya malori, uone ilivyo:

uset r_mode_width "1366"
uset r_mode_height "768"
uset r_fullscreen "1"
uset g_traffic "1"

Gemu huyasoma haya inapoanza, ikayaweka kichwani, na inapofungwa huyaandika upya yote kutoka kichwani mwake. Ukibadilisha g_traffic wakati gemu iko wazi kwenye dirisha la nyuma, ukitoka tu inakufutia. Ulihariri sawasawa, ila ulihariri wakati mwenye nyumba yumo ndani.

Mshukiwa wa pili ni kidirisha kinachotangulia gemu. Skyrim ni mfano mzuri: ukibofya kiwango cha picha kwenye kile kidirisha cha mwanzo, cha chini, cha kati au cha juu, SkyrimPrefs.ini inaandikwa upya. Chagua kiwango kwanza, ndipo uhariri, na baada ya hapo usikiguse tena.

Watu wengi hapa hukimbilia kulifanya faili liwe la kusomwa tu, kwa kuweka alama ya "Read-only" kwenye "Properties". Inafanya kazi, siwezi kubisha. Lakini kuanzia hapo hata wewe ukipunguza sauti ndani ya gemu haitakumbukwa, na miezi mitatu baadaye utakuwa umesahau ulichofanya, uje kuniambia gemu ina virusi. Naitumia pale tu njia nyingine zimekwisha, na naacha faili dogo la maandishi pembeni linalosema nimefanya nini.

Sasa mstari uliobaki lakini haufuatwi. Angalia mkia wa faili. Windows huficha mikia ya mafaili, hivyo ulipohifadhi config.cfg kwa Notepad huenda umezaa config.cfg.txt, na kwenye skrini unaona "config.cfg" tu. Mbili zimekaa folda moja, wewe unahariri ya bandia. Kwenye Windows 11 nenda "View", kisha "Show", uwashe "File name extensions". Iache ikiwa imewashwa maisha yako yote.

Mkia ukiwa sawa, hesabu folda zako za Documents. OneDrive ikishawashwa kuhifadhi folda zako, Documents ya kweli inahamia C:\Users\jina lako\OneDrive\Documents, na ile ya zamani inaweza kubaki mahali pake na vitu vyake vya zamani ndani. Gemu inaiuliza Windows Documents iko wapi, inapelekwa kwenye ile mpya. Wewe unafuata maelezo ya kwenye video, unaenda kwenye ile ya zamani. Ujanja wa kujua ipi inatumika: fungua gemu, badilisha sauti kidogo kwenye menyu, toka, kisha tazama faili lipi tarehe yake ya kubadilishwa ni ya dakika hii.

OneDrive ina vitimbi vyake vingine. Faili lenye alama ya wingu pembeni halipo kwenye diski yako, lipo mtandaoni, linashushwa pale linapoombwa. Bando likiisha, gemu inaliomba na hailipati. Bofya folda ya gemu kwa kitufe cha kulia uchague "Always keep on this device", au itoe Documents kwenye OneDrive moja kwa moja. Mimi huitoa.

Kwa gemu za zamani kuna shimo jingine. Zile zinazojaribu kuandika ndani ya Program Files bila ruhusa, Windows huzihadaa kwa kupeleka maandishi yao AppData\Local\VirtualStore. Gemu inasoma nakala ya huko, wewe unahariri ile ya Program Files. Kama gemu yako ni ya enzi za Windows XP na hakuna kinachoeleweka, chungulia huko.

Na mwisho, kwenye mafaili yenye mkia .ini, mstari lazima ukae chini ya kichwa chake cha mabano ya mraba. Mstari wa picha ulioandikwa chini ya kichwa cha sauti hauleti kosa lolote. Unapuuzwa kimyakimya, basi.

Haifunguki kabisa, au skrini imebaki nyeusi

Usifute faili, libadilishe jina. Ifanye config.cfg iwe config.cfg.zamani, kisha fungua gemu. Ikikosa faili lake, itajitengenezea jipya lenye mipangilio ya kiwandani. Ikifunguka, umeshapata jibu: kosa liko ndani ya faili la zamani, na sasa una mawili ya kulinganisha.

Hapa kuna jambo linalowapotezea watu muda na bando. Steam ina kitufe cha kuhakiki mafaili ya gemu, na kila video inakwambia ukibofye. Kitufe hicho kinakagua folda ambamo gemu imewekwa. Config iliyo Documents haiangalii kabisa, wala sevu zako. Unaweza kuhakiki mpaka jioni, mstari wako mbovu utakuwa umekaa palepale.

Ukiyalinganisha mafaili mawili, tazama alama za kufungia maneno kabla ya namba. Mstari alioutuma rafiki yako akiwa kwenye aifoni, au ulioupitisha kwenye Word, mara nyingi unafika na alama zilizopinda, “2” badala ya "2". Kwa macho ya mtu ni kitu kimoja. Kwa gemu ni herufi nyingine kabisa. Zifute uziandike kwa kibodi yako ndani ya Notepad.

Kisha tazama pembe ya chini kulia ya Notepad, panapoandikwa aina ya usimbaji, yaani namna herufi zinavyogeuzwa kuwa namba ndani ya faili. Kama asili ilikuwa UTF-8 na sasa inasomeka UTF-16, umelibadilisha faili zima bila kugusa hata neno. Zipo gemu zinazovumilia, zipo zinazokufa palepale. Notepad ya tangu 2019 huhifadhi faili jipya kwa UTF-8, ya kabla ya hapo ilikuwa na tabia tofauti, kwa hiyo kompyuta ya zamani ichunguze zaidi.

Skrini nyeusi yenye sauti ya gemu nyuma yake ni habari nyingine: umeiomba skrini picha isiyoiweza. Mtu anaandika 1920 kwa 1080 kwenye laptopu ya 1366 kwa 768, na r_fullscreen iko "1". Rudisha vipimo vya skrini yako, weka r_fullscreen "0" mpaka mambo yatulie. Gemu ya malori pia inaweza kuanzishwa kwa hali ya usalama kwa kuandika -safe kwenye sehemu ya "Launch options" ndani ya Steam.

GTA San Andreas ya 2005, ambayo bado imejaa kwenye kompyuta za mtaani, mipangilio yake iko kwenye gta_sa.set, ndani ya Documents\GTA San Andreas User Files. Faili hili si la maandishi, usilihariri. Ikigoma kufunguka, au kipanya kikikataa ndani ya gemu baada ya kubadili skrini, iondoe gta_sa.set hapo uifungue upya. Sevu zako ni GTASAsf1.b hadi GTASAsf8.b, hazihusiki, ziache.

Inafunguka, lakini dunia imepagawa

Skyrim Special Edition, skrini mpya ya Hz 144, yaani inayobadilisha picha mara 144 kwa sekunde, na mtu ameambiwa aweke iVSyncPresentInterval=0 kwenye SkyrimPrefs.ini ili fremu ziongezeke. Zimeongezeka kweli. Anaanza gemu mpya, na ule mkokoteni wa mwanzo unaombeba mfungwa unarukaruka na kupinduka kama umegongwa na basi. Faili halijaharibika. Fizikia ya gemu ile imefungwa kwenye fremu 60 kwa sekunde, ukiipita vitu vinaruka vyenyewe. Rudisha 1 na, kama skrini yako inazidi Hz 60, ishushe iwe 60 wakati wa kucheza.

San Andreas ina ugonjwa wa ukoo huo huo: zima kile kizuizi cha fremu kwenye menyu, halafu jaribu kuogelea. Utadhani CJ, yule unayemchezesha, amefungwa jiwe.

Upande wa malori, aliyeweka r_scale_x na r_scale_y kuwa "2" asishangae laptopu ikiunguruma kama mashine ya kusaga. Ameiambia ichore picha mara nne ya ukubwa wa skrini.

Nimefungua sevu, naona vinyama vya ajabu

Kwenye folda ya malori umeenda profiles, ukakuta folda inaitwa 4A756D61. Hiyo ni "Juma". J ni 4A, u ni 75, m ni 6D, a ni 61. Gemu huandika jina la mchezaji kwa namba za msingi wa kumi na sita, kwa hiyo Asha ni 41736861. Usiibadilishe iwe "Juma" kwa nia njema.

Ndani yake kuna save, kisha folda kwa kila sevu, kisha game.sii. Unaifungua kwa Notepad, herufi nne za mwanzo ni ScsC, na baada ya hapo ni fujo tupu. Faili ni zima, limefungwa tu kwa siri. Kitakachoiua ni wewe kubonyeza Ctrl na S kabla ya kutoka, maana Notepad haijui kuhifadhi kitu kisicho maandishi bila kukichafua. Ifunge bila kuhifadhi.

Ili isomeke, funga gemu, ingia config.cfg, tafuta g_save_format uiweke "2". Fungua gemu, usevu upya ndani yake. Sevu za zamani zitabaki zimefungwa, hii mpya ndiyo itakayoanza na neno SiiNunit na kufuatiwa na mistari inayosomeka kabisa. Pesa ziko kwenye money_account, ndani ya kifungu cha bank. Uzoefu uko kwenye experience_points. Badilisha namba tu. Nafasi iliyo baada ya nukta mbili iache, usiongeze koma za kutenganisha maelfu, usiandike "milioni 5". Nimeliona hilo kwa macho yangu.

Nimejiongezea pesa, sevu imekufa

Inategemea gemu inajikagua vipi.

Stardew Valley haijikagui sana. Sevu zake ziko %AppData%\StardewValley\Saves, kila shamba na folda yake yenye jina na namba, na ndani mna faili lenye jina lilelile pamoja na SaveGameInfo. Ni XML, maandishi yenye lebo za kufungua na kufunga, yote yamebanana kwenye mstari mmoja mrefu kama treni ya mizigo. Mkulima anaanza na <money>500</money>. Ukifuta hata ile alama > kwa bahati mbaya, gemu haielewi tena chochote kinachofuata. Kosa jingine ni kubadilisha jina la folda bila faili la ndani. Lazima yafanane, la sivyo shamba halionekani. Na kama mnacheza wengi, kuna <money> zaidi ya moja, kwa hiyo hakikisha uko ndani ya <player> wako.

Uzuri wake, gemu hii hukuachia nakala za siku iliyotangulia, zenye _old mwishoni. Hamisha yale mafaili mawili mabovu, yaondolee _old hayo mawili mengine, umepoteza siku moja ya shamba. Haiumi.

San Andreas ni mkali zaidi. Kila sevu ni baiti 202,752 kamili, na nne za mwisho ni jumla ya baiti zote zilizotangulia. Ukibadilisha hata moja katikati bila kurekebisha jumla, gemu inahesabu, inaona hesabu haiingii, inakataa. Kwa mkono haifai, unahitaji kihariri kinachojua kupiga hesabu hiyo. Halafu kuna wale wanaoshusha sevu ya asilimia mia kutoka mtandaoni, gemu yao imewekewa main.scm, faili la maagizo ya misheni, ya mod. Sevu ile iliandikwa juu ya main.scm nyingine, inaanguka ikifunguliwa. Hapo hata wewe hujakosea kuhariri. Ukibadili main.scm, anza gemu mpya.

Umeme umekatika ikiwa inasevu

Hili halina uhusiano na kuchakachua, ila huletwa pamoja, tena na mtu anayejilaumu bure. Tazama ukubwa wa faili. Kama ni 0, au ukubwa ni wa kawaida lakini kwa ndani ni tupu kabisa, maandishi hayakuwahi kufika kwenye diski. Hakuna programu itakayoyafufua.

Rudi nyuma hatua moja. Malori yana autosave pembeni ya sevu zako mwenyewe, Stardew ina _old. Gemu ya malori ikipata toleo jipya huacha pia folda ya profaili yenye mkia .bak, ambayo watu huifuta wakitafuta nafasi. Usiifute. Laptopu yenye betri mbovu na kompyuta ya mezani isiyo na UPS ziko sawa mbele ya giza, na kwa kompyuta hizo mimi hupendekeza kusevu kwa zamu kwenye nafasi mbili, leo ya kwanza, kesho ya pili.

Steam inaniuliza: ya wingu au ya kompyuta?

Kidirisha hiki kinatokea Steam ikikuta tarehe hazielewani. Watu hubofya harakaharaka ili wacheze, na hapo ndipo miezi ya kazi hupotea kwa kubofya mara moja. Simama. Soma tarehe na saa mbili zinazoonyeshwa. Ukichagua ya wingu, faili la kwenye kompyuta linafunikwa. Ukichagua ya kompyuta, la wingu linafunikwa. Kabla ya kuchagua lolote, kipunguze kidirisha, nakili sevu ya kwenye kompyuta uiweke pembeni. Sasa ukikosea unaweza kurudi.

Kwa anayehariri, zima wingu la gemu hiyo mapema: "Properties", "General", zima Steam Cloud. Hariri, cheza, sevu, ukiridhika uiwashe. Na kwenye malori, profaili yenye wingu haikai kwenye profiles ya Documents. Iko ndani ya folda ya Steam, userdata, kisha namba yako, kisha 227300\remote\profiles. Ndiyo maana mtu anahariri Documents siku nzima na pesa haziongezeki.

Gemu inasema haiwezi kusevu

Kwanza nafasi ya diski. Usicheke, diski C ikijaa mpaka mwisho ndiyo dalili yake hii. Pili, ile "Read-only" uliyoiweka mwezi wa tatu. Tatu, ndani ya Windows Security kuna swichi ya "Controlled folder access", ya kujikinga na virusi vinavyofunga mafaili na kudai hela. Ikiwashwa, Documents inalindwa na gemu isiyofahamika inazuiwa kuandika humo. Usiizime swichi. Iruhusu gemu hiyo peke yake kwenye orodha ya programu zinazoruhusiwa.

Vihariri vya kushusha, na gemu za mtandaoni

Kihariri cha sevu kilichofungwa kwenye zip yenye nenosiri, na maelezo yanayokuambia uzime antivirasi kwanza, sikishushi. Nenosiri liko pale ili antivirasi isione kilichomo. Kwa faili la maandishi Notepad inatosha, au Notepad++ kwa yale marefu, ambayo ni ya bure na inaonyesha namba za mistari.

Yote niliyoeleza ni ya gemu unayocheza peke yako. Ya mtandaoni, pesa na viwango vyako viko kwenye seva, kwa hiyo kuhariri faili la kwenye diski yako hakuongezi kitu, na walinzi wa gemu wakikuta mafaili yamechezewa, akaunti inafungiwa. Akija mtu na hilo sina cha kufungua. Namrudishia laptopu yake na chaja, na sidai hela.